Istilahi za Filamu za Uhuishaji: Utoto, Kumbukumbu na Wahaka

1. Utangulizi

Miongoni mwa maombi yanayoletwa kwenye dawati la istilahi, yako yanayohusu fani ambazo msamiati wake umekwisha kuzoeleka, kama vile sheria, kilimo na afya. Na yako yanayohusu fani ambazo hazijaandikiwa mengi kwa Kiswahili. Ombi tunalolizungumzia katika makala haya ni la aina ya pili.

Mtafsiri mmoja alikabidhiwa kazi ya kuweka katika Kiswahili orodha ya filamu fupi za kigeni zilizokusudiwa kuonyeshwa vyuoni na shuleni. Filamu hizo zilikuwa za michoro na vikaragosi. Zilitengenezwa kwa njia zisizo za kawaida. Nazo zilihusu mambo ambayo mtu mzima huyakumbuka ya utotoni mwake, hasa yale yaliyomkosesha utulivu. Mtafsiri aliyaeleza hayo yote kwa maneno matano: "katuni za majaribio kuhusu utoto".

Orodha hiyo ilimfikia mwalimu wa shule ya msingi. Alipoona "katuni" na "utoto" alidhani amepata kitu cha kuwafurahisha wanafunzi wa darasa la pili siku ya kufunga shule. Kwa bahati njema, aliitazama kwanza filamu mojawapo akiwa peke yake. Alimwona msichana mdogo akiteremka ngazi za kwenda ghala la chini ya nyumba, viatu vyenye meno vikigombania mkate wake, na mzee akimkaribisha alale katika kitanda cha makaa ya mawe. Mwalimu aliirudisha orodha pamoja na barua fupi yenye swali moja: Je, hiki ndicho mnachokiita katuni?

Swali hilo ni la haki, na kosa si la mtafsiri peke yake. Alitumia maneno yaliyokuwepo. Lengo la makala haya ni kuyapima maneno hayo, kuonyesha mahali yanapopungukiwa, na kupendekeza mengine. Tutaanza na filamu zenyewe, kwa kuwa istilahi haiwezi kusanifiwa vema na mtu asiyekijua kitu kinachopewa jina.

2. Filamu tunazozizungumzia

Filamu ya kawaida hupiga picha vitu vinavyokwenda. Filamu tunazozizungumzia hupiga picha vitu vilivyotulia, picha moja moja, na kila baada ya picha mkono wa msanii hubadilisha kitu kidogo. Picha 24 zinapopita mbele ya macho katika sekunde moja, mtazamaji huona mwendo ambao haukuwapo. Mara nyingi kila mchoro hupigwa picha mara mbili, hivyo michoro 12 hutosha kwa sekunde moja. Hata hivyo, filamu ya dakika kumi itahitaji michoro 7,200. Ndiyo maana wasanii wanaofanya kazi peke yao, au na wenzao wachache, hutengeneza filamu fupi, na huweza kutumia miaka kwa kazi inayotazamwa kwa muda wa kunywa kikombe cha chai.

Tumechagua mifano mitatu.

Mfano wa kwanza ni The Street, yaani Mtaa, iliyotengenezwa mwaka 1976 na Caroline Leaf katika Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada. Inatokana na hadithi ya Mordecai Richler kuhusu familia ya Kiyahudi mjini Montreal. Bibi mzaa mama ni mgonjwa asiyeinuka kitandani, na mjukuu wa kiume ameahidiwa chumba chake pindi atakapofariki. Mtoto anangoja. Leaf aliichora hadithi hii kwa rangi juu ya kioo kilichomulikwa kutoka chini. Kila alipopiga picha alifuta au kusogeza rangi kwa kidole ili kupata picha iliyofuata, hata mchoro mmoja ulikufa ili mwingine uzaliwe. Kwa hiyo uso hugeuka kuwa mlango, na mlango hugeuka kuwa mtaa, bila ya mkato baina yao, kama kumbukumbu zinavyofuatana kichwani.

Mfano wa pili ni Skazka skazok, yaani Ngano ya Ngano, ya Yuri Norstein, iliyotengenezwa mwaka 1979 katika studio ya Soyuzmultfilm mjini Moscow. Ina urefu wa dakika 29 hivi. Norstein alizaliwa mwaka 1941, wakati wa vita, na nyumba tunayoiona katika filamu hii ni ile aliyokulia katika mtaa wa Maryina Roshcha. Anayetuongoza ni mbwa mwitu mdogo wa kijivu, ambaye Warusi wote humjua kutokana na wimbo wa kubembeleza watoto: mtoto huonywa asilale ukingoni mwa kitanda, asije mbwa mwitu huyo akamchukua. Michoro ilikatwa vipande na kupangwa juu ya vioo vya ngazi mbalimbali chini ya kamera. Katika sehemu moja wanaume na wanawake wanacheza dansi, kisha wanaume wanatoweka mmoja mmoja kwenda vitani, na wanawake wanabaki wakikumbatia hewa. Tufahamu pia kwamba Norstein alikusudia kuiita filamu hii kwa maneno ya wimbo ule wa mbwa mwitu, lakini wakuu wa filamu wa Sovieti hawakuafiki, ndipo akachukua jina la shairi la Nâzım Hikmet wa Uturuki. Hata huko, basi, jina la filamu lilikuwa jambo la kubishaniwa ofisini.

Mfano wa tatu ni ile iliyomshtua mwalimu wetu, nayo ni Do pivnice, ya mwaka 1983, ya Jan Švankmajer, msanii wa Praha. Msichana ametumwa viazi katika ghala la chini ya nyumba. Msichana ni mtu hai aliyepigwa picha kwa njia ya kawaida, bali viatu, makaa na viazi vinahuishwa picha moja moja. Viazi anavyovitia kikapuni vinatoka na kurudi vilikokuwa. Hatimaye anakimbia na kikapu chake, anajikwaa karibu ya kufika juu, viazi vinaporomoka ngazi zote, naye inambidi ateremke tena.

Filamu hizi si vitu vya pembeni katika fani yake. Katika kura iliyopigwa na wataalamu mwaka 1984, wakati wa tamasha la sanaa la Michezo ya Olimpiki ya Los Angeles, Skazka skazok ilichaguliwa kuwa filamu bora ya aina hii kupita zote, na The Street ilishika nafasi ya pili.

3. Katuni, kibonzo au uhuishaji?

Neno katuni limetoholewa zamani na halina ubaya wowote. Kwa wasomaji wa magazeti ni mchoro wa kuchekesha au kukejeli. Kwa watazamaji wa televisheni ni mchezo wa michoro wa watoto. Watanzania hutumia pia kibonzo kwa maana zote mbili. Maneno haya yana sifa mbili zilizoshikamana: mchoro na mzaha. Filamu ya Švankmajer haina mchoro, kwa sababu imetumia vitu; na filamu ya Leaf haina mzaha wa aina hiyo. Kuziita katuni ni kuzinyang'anya kila kilicho chao na kuwapa ahadi ya uongo wanaozitazama.

Hasara hiyo ina pande mbili. Upande mmoja, mtoto wa miaka saba huweza kuwekwa mbele ya kitu kisicho chake. Upande wa pili, mtu mzima hupita mbali na kazi inayomhusu, kwa kuwa mambo ya katuni, asema, ni ya watoto. Upande huu wa pili hauonekani upesi, lakini ndio unaodhuru zaidi taaluma.

Tunapendekeza uhuishaji. Neno hili limekwisha kuanza kutumika, hasa katika vyuo na vyombo vya habari, na sisi tunaliunga mkono kwa sababu tatu. Kwanza, linatokana na kitenzi huisha, kutia uhai, ambacho mzizi wake ni ule ule wa neno hai. Nalo jina la fani hii katika lugha za Ulaya linatokana na neno la Kilatini lenye maana ya roho au pumzi. Dhana ni ile ile, na sisi tunayo njia ya kuieleza bila kukopa. Pili, neno halisemi lolote juu ya mchoro wala kicheko, hivyo rangi, karatasi, viatu na viazi vyote vinaingia. Tatu, linanyambulika: huisha, huishwa, mhuishaji, uhuishaji.

Pingamizi lipo, na linatoka kwa watumishi wa ofisi. Kwao kuhuisha ni kuipa upya nguvu leseni iliyokwisha muda wake au kusahihisha takwimu zilizochakaa. Twajibu kwamba hapana mgongano. Atakayesoma "filamu ya uhuishaji" hatadhani kwamba ni filamu ya kukatia leseni. Muktadha unatosha kuzitenga maana mbili, kama unavyotosha kwa maneno mengine mengi.

Katuni isifukuzwe. Ibaki kuwa jina la aina moja ndani ya uhuishaji. Mifano ya kwetu Afrika Mashariki inaonyesha haja ya mgawanyo huu. Mfululizo wa Tinga Tinga Tales, uliotengenezwa Nairobi na kuanza kuonyeshwa mwaka 2010, ambao michoro yake inafuata mtindo wa uchoraji wa Tingatinga wa Tanzania, ni wa watoto, na neno katuni linaufaa. Lakini Yellow Fever, filamu fupi ya mwaka 2012 ya Mkenya Ng'endo Mukii, inayochanganya michoro na picha za watu hai ili kuzungumzia rangi ya ngozi na urembo, haifai kabisa kuitwa hivyo. Zote mbili ni kazi za uhuishaji.

Kuhusu kikaragosi, neno hili tunalo tayari na lisibadilishwe. Asili yake ni Karagöz, mhusika mkuu wa mchezo wa vivuli wa Waturuki. Litumike kwa sanamu ndogo inayochezeshwa, iwe kwa nyuzi, kwa mkono au kwa kupigwa picha moja moja. Wako wanaoliita kila mchoro kikaragosi, tunashauri waache.

4. Majaribio au kimajaribio?

"Filamu ya majaribio" humpeleka msomaji kusikotakiwa. Mwanafunzi hufanya jaribio katika maabara. Mtumishi mpya huajiriwa kwa kipindi cha majaribio. Mtambo huendeshwa kwa majaribio kabla ya kuzinduliwa. Katika matumizi hayo yote jambo halijakamilika, bali linangoja kuthibitishwa. Filamu ya Leaf imekamilika. Kinachojaribiwa ni mipaka ya sanaa yenyewe.

Wahakiki wa fasihi walikutana na tatizo hili kabla yetu. Riwaya za Euphrase Kezilahabi, Nagona ya mwaka 1990 na Mzingile ya mwaka 1991, zilipoacha njia iliyozoeleka ya kusimulia, ilibidi zipewe jina, na neno kimajaribio likaingia katika uhakiki. Kiambishi ki- kinaonyesha namna na mwelekeo, wala si hatua ya kazi. Kanuni ya istilahi hutaka dhana moja ipewe neno moja katika fani zinazohusiana. Kwa hiyo tuseme filamu ya kimajaribio, kama wenzetu wanavyosema riwaya ya kimajaribio.

5. Utoto, utotoni na kumbukumbu

Neno utoto lina maana mbili ambazo mtafsiri hana budi kuzitenga. La kwanza ni umri. La pili ni tabia, kama mtu mzima anapoambiwa aache utoto. Maelezo yanayosema "filamu kuhusu utoto" huacha mlango wazi kwa maana ya pili, na kwa maana ya tatu pia, kwamba filamu ni ya kuwafaa watoto.

Lugha yetu ina dawa nyepesi. Tukisema utotoni, kiambishi cha mahali kinaondoa utata, kwa sababu hakuna anayeambiwa aache utotoni. Tena, neno linapata maana inayozifaa sana filamu hizi, yaani kwamba utoto ni mahali palipo na mlango, ngazi na dirisha. Kwa Norstein utotoni ni nyumba moja iliyozibwa madirisha kwa mbao. Kwa Leaf ni chumba cha bibi. Kwa Švankmajer ni ghala la viazi.

Kumbukumbu nayo ni neno lenye kazi nyingi. Ofisini, kumbukumbu ni muhtasari wa mkutano. Masijala, ni majalada. Katika kalenda, ni siku ya kumkumbuka mtu au tukio. Matumizi yote haya yanahusu jambo lililohifadhiwa lisibadilike. Filamu tunazozizungumzia zinasema kinyume chake: kila anapokumbuka, mtu hulitengeneza tena jambo lile, kama Leaf anavyofuta picha ili apate nyingine. Tunashauri, basi, kwamba kumbukumbu itumike kwa kile kinachokumbukwa, na ukumbukaji utumike kwa tendo lenyewe. "Filamu juu ya kumbukumbu za utotoni" ni filamu inayosimulia yaliyotokea. "Filamu juu ya ukumbukaji wa utotoni" ni filamu inayoonyesha jinsi yanavyorudi. Mtafsiri aamue ni ipi aliyo nayo.

6. Hofu, wasiwasi au wahaka?

Hapa ndipo penye uzito. Maelezo ya mtafsiri wetu hayakuitaja kabisa hali ya moyo ambayo filamu hizi huizua, na ukimya huo ndio uliomponza mwalimu. Alipoulizwa, mtafsiri alijibu kwamba neno alilolipata ni hofu, akaona ni kali mno, akaliacha. Aliona vema kwamba halifai. Kosa ni kuacha mahali patupu.

Hofu ina mlengwa. Mtu humhofia chui, huhofia mafuriko, huhofia mtihani. Mtoto katika The Street hakuna anachokihofia ambacho angeweza kukionyesha kwa kidole. Woga ni tabia ya mtu zaidi ya kuwa hali ya saa moja. Fazaa ni mhangaiko unaoonekana kwa nje, kama wa watu waliozukiwa na moto usiku. Dukuduku ni jambo ambalo mwenyewe analijua ila hajalisema. Jakamoyo linakaribia, lakini limeelemea kwenye mapigo ya moyo na dhiki kubwa.

Wasiwasi ndilo neno ambalo wengi wangelichagua. Asili yake ya Kiarabu ni mnong'ono, hasa wa shetani moyoni mwa mtu, na maana hiyo ingetufaa. Hata hivyo, matumizi ya kila siku yamelichakaza. "Usiwe na wasiwasi" husemwa na mwenye duka, karani na dereva, tena mara nyingi pasipo na wasiwasi wowote. Kadhalika wasiwasi huhusishwa na shaka: mtu huwa na wasiwasi kama barua imefika. Watoto katika filamu hizi hawana shaka na lolote. Wanaona vizuri kabisa; wanachokosa ni jina la wanachokiona.

Limebaki wahaka. Aliye na wahaka huketi, akasimama, akaenda mlangoni, akarudi, wala hawezi kukuambia anangoja nini. Ni hali isiyo na mlengwa, yenye muda mrefu, na isiyoondolewa na maneno ya kufariji. Mtoto wa The Street ana wahaka: anangoja chumba, na chumba hakipatikani ila kwa kifo; na kifo kinapofika, chumba hicho hakiwi tena kile alichokitamani. Msichana wa Do pivnice anapokutana na viatu vyenye meno ana hofu, lakini anapotazama ngazi mara ya pili, kikapu kikiwa kitupu, kilichomshika ni wahaka. Na mtazamaji wa Skazka skazok, anapowaona wanawake wakicheza dansi na hewa, huhisi huzuni iliyochanganyika na wahaka, kwa kuwa hakuona risasi hata moja.

Sigmund Freud aliandika makala juu ya hali ya jinsi hii mwaka 1919, na yafaa wasanifu wa istilahi wajue kwamba aliianza kazi hiyo kwa kufungua kamusi. Aliona kwamba neno la Kijerumani la kitu cha kutisha namna hiyo limejengwa juu ya neno la nyumbani. Kinachotisha, alihoji, ni kile tulichokizoea kikarudi katika sura ya ugeni. Wahenga wetu walisema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Filamu hizi zinalichunguza zimwi hilo hilo linalotujua, ambalo lilibaki nyumbani sisi tulipokua. Kwa dhana hiyo tunapendekeza ugeni wa mazoea, maneno ambayo msomaji ataweza kuyafahamu bila kufungua kamusi ya elimunafsia.

Yuko atakayesema kwamba wahaka ni neno la pwani, na kwamba walimu wa bara hawalijui. Ni kweli kwamba halisikiki kila mahali. Lakini utaratibu wa kuunda istilahi hututaka tutafute kwanza katika hazina ya Kiswahili chenyewe, kisha katika lahaja zake, halafu katika lugha nyingine za Kibantu, kabla ya kukopa kwingineko. Neno lililomo katika hazina halikataliwi kwa kuwa limesahauliwa na baadhi yetu. Tena uchache wa matumizi yake ni faida kwa istilahi, kwa kuwa halijabebeshwa maana nyingine.

7. Mapendekezo

Kwa muhtasari, tunapendekeza istilahi zifuatazo:

uhuishaji: sanaa ya kuvipa mwendo vitu vilivyotulia kwa kuvipiga picha moja moja.
mhuishaji: msanii wa uhuishaji.
katuni: uhuishaji au mchoro wa kuchekesha au wa kuwaburudisha watoto.
kikaragosi: sanamu ndogo inayochezeshwa.
uhuishaji wa vikato: ule unaotumia vipande vya michoro iliyokatwa.
uhuishaji wa rangi kiooni: ule unaochorwa na kufutwa juu ya kioo kinachomulikwa.
uhuishaji wa vitu: ule unaotumia vitu vya kawaida vya nyumbani.
filamu ya kimajaribio: filamu inayopima mipaka ya sanaa yake.
ukumbukaji: tendo la kukumbuka.
wahaka: ukosefu wa utulivu wa moyo usio na sababu inayotajika.
ugeni wa mazoea: hali ya kitu kilichozoeleka kuonekana kigeni na cha kutisha.

Istilahi hupimwa kwa kutumiwa. Maelezo ya filamu ile ya tatu, yaliyokuwa "katuni ya majaribio kuhusu utoto", sasa yangesomeka hivi: "Filamu fupi ya kimajaribio inayochanganya mtu hai na uhuishaji wa vitu, juu ya ukumbukaji wa utotoni. Inatia wahaka, ni kwa watazamaji wazima." Maneno yameongezeka, lakini mwalimu wa darasa la pili angejua mara moja kwamba si yake, na mwalimu wa chuo angejua kwamba ni yake.

8. Hitimisho

Tumeonyesha kwamba upungufu wa istilahi hauishii katika vitabu. Neno moja lililotumika pasipo pake lilikaribia kuwaweka watoto arobaini mbele ya kitu ambacho wangekwenda nacho nyumbani usiku. Tumeonyesha pia kwamba maneno mengi tuliyoyahitaji yalikuwamo katika lugha, yakingoja kutafutwa.

Mapendekezo haya si sheria. Walimu, watafsiri na watumishi wanaoyatumia wanaombwa watuandikie wakieleza mahali yalipofaa na mahali yaliposumbua. Hasa tungependa kusikia kutoka kwa wasemaji wa sehemu mbalimbali iwapo lahaja au lugha zao zina neno jingine la hali ile ya mtoto aliyesimama juu ya ngazi, kikapu mkononi, asiyetaka kuteremka na asiyeweza kusema kwa nini.